Sufuria zilizohamishwa pamoja na machinga: mlo wa mchana wa Kariakoo baada ya Oktoba 2021

Mwishoni mwa Oktoba 2021 mitaa ya Dar es Salaam ilibadilika sura. Mkuu wa Mkoa wa wakati huo, Amos Makalla, alikuwa amewapa machinga, wachuuzi wa barabarani, muda wa kuondoka hadi tarehe 18 ya mwezi huo, kisha ukasogezwa hadi tarehe 30. Ulipokwisha, meza, miavuli, maturubai na vibanda vya mbao vilivyokuwa vimejaa kwenye hifadhi ya barabara na mbele ya maduka viliondolewa. Agizo lilitoka juu: Septemba Rais Samia Suluhu Hassan aliwataka wakuu wa mikoa wawapange machinga vizuri, bila vurugu wala kupora mali zao. Mjadala wote ukawa wa viatu, mitumba, vifaa vya simu na wenye maduka waliochoka kuzibiwa milango. Sufuria hazikutajwa sana, ingawa zilikuwepo kila kona, na zilipoondoka ziliondoka na chakula cha watu wasio na jiko jingine la karibu.

Kisa hiki nakichambua kwa upande wa hizo sufuria. Msimamo wangu nauweka wazi mapema: mama lishe, mwanamke anayepika na kuuza chakula mitaani, aliwekwa fungu moja na muuza viatu, na mengi yaliyoharibika baadaye yalianzia hapo. Muuza viatu akihamishwa anapoteza wateja kwa muda, lakini viatu vyake havichachi. Wali ulioiva saa tano unatakiwa uwe umeliwa kufikia saa tisa, tena na watu walioko hatua chache kutoka jikoni. Ukimhamisha mpishi bila kumhamisha mlaji, umewanyima wote wawili.

Mlaji mwenyewe ni nani? Kariakoo inaendeshwa na watu ambao hawaonekani kwenye mabango ya maduka: makuli wanaoshusha makontena, wasukuma mikokoteni, wafungaji wa mizigo ya mikoani na ya Kongo, vijana wa dukani wanaolipwa kwa siku, mafundi wa vyuma wa Gerezani, bodaboda, makondakta. Wengi wanaishi Mbagala, Gongo la Mboto, Tandika au Kimara, katika chumba kimoja cha kupanga. Wanatoka nyumbani alfajiri na kurudi usiku. Sensa ya 2022 iliihesabu Dar es Salaam kuwa na watu 5,383,728, na sehemu kubwa yao wanakula angalau mlo mmoja kwa siku nje ya nyumba. Hawafanyi hivyo kwa anasa. Mtu anayeishi peke yake akiwasha jiko la mkaa kwa ajili ya sahani moja ya maharage, mkaa utamgharimu pengine zaidi kuliko maharage yenyewe, na yatachukua saa tatu kuiva. Sufuria moja ya watu arobaini inagawanya mkaa ule ule, muda ule ule na mafuta yale yale kwa sahani arobaini. Kwa mjini, kwa mtu wa kipato cha kila siku, chakula cha mama lishe mara nyingi ndicho cha bei nafuu kuliko vyote, hata kile cha kujipikia.

Mchukue mama mmoja wa aina hii, anayepika kwenye uchochoro ulio nyuma ya maghala. Anaamka saa kumi alfajiri. Maharage alikwisha yaloweka usiku. Mchele hanunui gunia. Ananunua kilo chache za siku hiyo Ilala au Buguruni, kwa sababu hana stoo na mtaji wake ni mauzo ya jana. Nyanya, vitunguu na mchicha ni vya asubuhi hiyohiyo. Uji, chai, chapati na maandazi vinatoka kwanza, kwa walioondoka nyumbani bila kuweka kitu mdomoni. Kufikia saa sita mchana foleni imeanza. Kijana anafika akiwa bado na vumbi la saruji mabegani:

"Shikamoo mama. Niwekee ya buku, mchuzi uwe mwingi."

"Marahaba baba. Jana uliniachia mia tano, sijasahau. Kaa hapo."

Hapo pamefanyika mambo mawili ambayo hoteli ya kawaida haiyawezi. Kwanza, chakula kimepimwa kufuata fedha iliyopo mfukoni, hapa buku, yaani shilingi elfu moja. Sahani kamili ya wali maharage wakati ule ilikuwa ikiuzwa kwa wengi wao kati ya shilingi 1,000 na 2,000, lakini mwenye pungufu hakufukuzwa. Alipakuliwa kidogo, akaongezewa mchuzi na mboga za majani, akashiba kiasi. Pili, deni limebebwa kwa kujuana. Kontena lisipofika leo, kuli hana kitu, lakini atakula, kwa sababu mama anajua anakaa kijiwe gani na nani ni nokoa wake, yaani msimamizi wake wa kazi. Daftari la madeni la mama lishe ndiyo akiba ya chakula ya mtu asiye na mshahara wa mwezi. Hakuna ghala la serikali linaloweza kufanya kazi hiyo saa saba mchana siku ya Jumanne.

Sasa peleka amri ya Oktoba juu ya mpangilio huo. Miongoni mwa maeneo waliyoelekezwa machinga wa katikati ya jiji lilikuwemo jengo la Machinga Complex pale Karume, Ilala. Kwenye ramani si mbali na Kariakoo hata kidogo. Afisa aliyepanga akaona mwendo wa dakika ishirini na kuuona mfupi. Lakini kuli analipwa kwa mzigo, na anayeondoka kijiweni anapoteza zamu. Kontena likifunguliwa akiwa hayupo, siku yake imekwisha. Fundi wa Gerezani ana mteja amesimama anasubiri geti lake lichomelewe. Watu hawa wanakula kwa dakika kumi na tano, mara nyingine wamesimama. Kwao mwendo wa dakika ishirini kwenda na ishirini kurudi ni sawa na kuambiwa chakula kiko Kibaha, nje kabisa ya jiji.

Jengo lenyewe lilikuwa na historia yake. Lilikamilika 2010, likakaa miaka mingi bila kujaa, kwa sababu wafanyabiashara waliogawiwa vizimba waliona wateja hawapandi ghorofani kufuata kitu wanachokikuta barabarani. Kama fulana haikumpandisha mteja ngazi, sahani ya wali ingempandishaje? Na kwa mpishi kuna tatizo jingine: kizimba cha kupanga nguo hakina bomba, hakina mfereji wa maji machafu, hakina pa kutolea moshi. Kupika humo kwa mkaa ni hatari kwake na kwa jirani yake mwenye mitumba. Hofu ya moto haikuwa ya kubuni. Soko Kuu la Kariakoo liliungua Julai 2021, miezi mitatu tu kabla ya hamahama, na soko la Karume likateketea Januari 2022.

Kilichofuata wengi tulikiona. Mama lishe hawakuacha kupika, kwa sababu hawakuwa na kazi nyingine ya kuigeukia, na walaji hawakuacha kuona njaa. Walibadili mtindo. Baadhi walijibana ndani ya nyua za maghala kwa kulipana na mlinzi au mwenye nyumba. Wengine walihamishia jiko nyumbani, wakawa wanaleta chakula kwenye hotpoti na ndoo, wakitembeza mlango kwa mlango. Kila mtindo ulikuja na gharama yake mpya: nauli au bodaboda ya kubeba vyombo, kodi ya kona isiyo na risiti, na chakula kilichopoa njiani. Gharama hizo zililiwa na sahani. Mama lishe huogopa kupandisha bei kwa sababu buku ni buku, mteja ameizoea. Kinachopungua ni kipimo. Nyama inakuwa vipande viwili badala ya vitatu. Kipande cha papai au tikiti kilichokuwa kinawekwa pembeni kinaondoka kimya kimya. Mchicha unabaki, ila mafuta yake yanapungua. Mtu anayetafuta athari ya amri ile kwenye bei za chakula hataiona. Angeitafuta ndani ya sahani.

Na ikaja juu ya hali iliyokuwa tayari ngumu. Mafuta ya kula yalikuwa yamepanda, na 2022 vita vya Ukraine vikapandisha ngano, chapati ikazidi kuwa nyembamba. Mapema 2023 mchele ulivuka shilingi 3,000 kwa kilo katika masoko mengi ya jiji, na maharage yakapanda pia. Mama lishe ndiye aliyekaa katikati ya mfumuko huo na kuli mwenye buku yake. Wengi walijaza pengo kwa mikopo ya kausha damu, ile ya marejesho ya kila siku au kila wiki, inayotaka hela hata siku ambayo mgambo wamekusombea sufuria. Kulikuwa na mkopo nafuu wa asilimia 10 ya mapato ya ndani ya halmashauri, unaogawanywa 4 kwa wanawake, 4 kwa vijana na 2 kwa watu wenye ulemavu. Lakini ulitaka kikundi kilichosajiliwa na anuani ya biashara, na 2023 ukasimamishwa ili utaratibu wake urekebishwe, kabla ya kurejeshwa baadaye. Aliyeondolewa kwenye kona yake angeandika anuani ipi?

Ni lazima nikiri hoja ya upande wa pili, kwa kuwa ina uzito. Njia za waenda kwa miguu zilikuwa zimezibwa kabisa. Mama mjamzito au mtu wa kiti cha magurudumu alilazimika kutembea katikati ya magari. Gari la zimamoto lisingepita katika baadhi ya mitaa. Mwenye duka alilipa kodi ya pango, leseni na kodi ya TRA huku mlango wake hauonekani. Rais alichoagiza ni kupanga, na mimi sioni jiji linaloweza kuishi bila kupangwa. Ugomvi wangu ni kwamba kupanga kulianza na kuhesabu wafanyabiashara na vizimba, na hesabu ya pili, ya nani anakula wapi na saa ngapi, haikuwa sehemu ya mpango.

Hata historia ya amri hizi inafundisha jambo hilohilo. Sheria ya nguvu kazi ya 1983 iliwasomba kutoka mjini watu waliohesabiwa kuwa wazururaji. 2006 ukaja uondoaji mwingine mkubwa wa wafanyabiashara wadogo nchini. Desemba 2018 upepo ukageuka: Rais John Magufuli aligawa kwa wakuu wa mikoa vitambulisho 670,000 vya wajasiriamali wadogo, kila kimoja kwa shilingi 20,000, kwa wenye mauzo yasiyozidi milioni 4 kwa mwaka. Mama lishe wengi walikichukua, na kwa kipindi kile walipumua. Lakini kitambulisho kilimtambua mtu, hakikumpa mahali. Hakikusema jiko lako liko hapa, maji utachota pale, taka utaweka kule. Upepo ulipogeuka tena 2021, kadi ya shingoni haikuweza kulinda kona.

Katikati ya hayo kuna sura ya kipindupindu, na hii ndiyo inayotumiwa zaidi dhidi ya mama lishe, kwa hiyo inastahili kuangaliwa kwa karibu. Mlipuko ulioanza Dar es Salaam Agosti 2015 ulisambaa karibu nchi nzima na Zanzibar, ukafikisha wagonjwa zaidi ya 20,000 na vifo zaidi ya 300. Ndiyo sababu sherehe za Uhuru za 9 Desemba 2015 ziligeuzwa siku ya usafi kitaifa. Uuzaji wa chakula barabarani ulipigwa marufuku jijini. Hofu hiyo naiheshimu, watu walikufa. Ila ukisimama kando ya mama lishe kwa saa moja utaona hatari iko wapi hasa. Maharage yaliyochemka kwa muda wa saa tatu na kupakuliwa yakifuka moshi si mahali pazuri kwa vimelea. Angalia beseni. Sahani zinaoshwa katika maji yale yale tangu saa sita, yamegeuka rangi, kwa sababu ndoo ya maji inanunuliwa na kumwaga ni kumwaga hela. Angalia jagi la maji ya kunywa, kachumbari iliyokatwa mapema, tunda lililomenywa na kuachwa wazi. Kila kimoja kati ya hivyo kinadai maji salama, na maji ni kazi ya mamlaka. Marufuku ilifunga sufuria, ambayo ilikuwa salama kiasi, ikaacha uhaba wa maji ulipokuwa. Kisha ikamsukuma mpishi uchochoroni, mbali zaidi na bomba na mbali zaidi na macho ya bwana afya.

Hali ni hiyohiyo kwa mchicha wenyewe. Sehemu ya mboga zinazoliwa jijini hulimwa kwenye bonde la Mto Msimbazi, mto unaobeba majitaka na maji ya viwandani. Mama lishe hawezi kuyaona madini mazito kwenye fungu la shilingi 500. Anayetaka sahani salama Kariakoo itambidi aanzie bondeni.

Miji mingine imekwisha pita njia hii na matokeo yako wazi. Harare, 2005, serikali ya Zimbabwe ilibomoa mabanda na nyumba katika operesheni ya Murambatsvina. Umoja wa Mataifa ulimtuma Mtanzania, Profesa Anna Tibaijuka, aliyekuwa akiongoza shirika lake la makazi, UN-Habitat, na ripoti yake ilikadiria kuwa watu 700,000 walipoteza makazi, riziki au vyote viwili. Kampala, Machi 2020, wakati wa korona, Rais Museveni aliruhusu wauza chakula waendelee kuuza mradi walale sokoni. Alikubali kwamba mji hauwezi kufunga jiko lake, lakini gharama waliibeba wanawake waliolala juu ya meza wakiwa wameacha watoto nyumbani. Nairobi mwezi huohuo, amri ya kutotoka nje kuanzia saa moja usiku iliwapiga moja kwa moja wauzaji wa jioni, saa ambayo mfanyakazi anayerudi nyumbani ndipo hununua chapati na maharage.

Viongozi wetu hupenda kutaja Singapore, na mimi nafurahi wakiitaja, ila waisimulie yote. Kule wachuuzi waliandikishwa kwanza, takribani 18,000, mwishoni mwa miaka ya 1960. Kisha kuanzia 1971 hadi 1986 waliingizwa hatua kwa hatua kwenye majengo ya chakula yenye maji ya bomba, umeme na mifereji, yaliyojengwa karibu na makazi na mahali pa kazi. Ilichukua miaka 15. Dar es Salaam ilipanga kwa wiki chache. Na India, 2014, ilipitisha sheria ya wachuuzi inayokataza kumwondoa mchuuzi kabla uhesabuji haujafanyika, na inayotaka kamati ya mji iwe na angalau asilimia 40 ya wachuuzi wenyewe, theluthi yao wakiwa wanawake. Sheria hiyo huvunjwa, nayo ina mapengo mengi, lakini mchuuzi akifika mahakamani ana kifungu cha kukisoma.

Hapa kwetu hatua moja ilipigwa. Januari 2022 machinga waliwekwa rasmi chini ya wizara yenye dhamana ya maendeleo ya jamii na makundi maalum. Ni afadhali kuliko kuachiwa mgambo peke yao. Hata hivyo chakula cha mjini bado hakina mwenyewe: wizara ya kilimo inaishia kwenye mavuno na ghala, afya inakuja na faini, halmashauri inakuja na ushuru, na mlo wa kuli unabaki katikati.

Ningekuwa na nafasi mezani pa halmashauri, ningeanza na uhesabuji wa siku tatu, saa sita hadi saa nane mchana, kwenye vijiwe vya makuli, gereji, vituo vya daladala na maeneo ya ujenzi: wanakula wangapi, wanalipa kiasi gani, wana dakika ngapi. Kutokana na hapo majiko ya mtaa yangejipanga yenyewe. Jiko la mtaa ninalolifikiria ni dogo: paa la bati lililoinuka, meza za saruji za wapishi sita hadi kumi, bomba moja lenye mita, sinki mbili za kuoshea na kusuuzia, shimo la mafuta machafu, choo cha karibu, mtungi wa mchanga wa kuzimia moto. Liwe pembeni ya njia, lisiwe juu ya njia. Kodi ilipwe kwa siku kwa simu, isiyozidi ile wanayolipa sasa kwa walinzi na wenye kona. Kijiwe kikihama, kibali kihame nacho.

Nishati nayo iingie humo. Mkakati wa taifa wa nishati safi ya kupikia uliozinduliwa 2024 unataka asilimia 80 ya Watanzania wawe wanatumia nishati safi ifikapo 2034. Mama lishe mmoja anapika kwa ajili ya kaya nyingi kwa mpigo, kwa hiyo ndiye mahali ambapo jiko moja la gesi linaokoa mkaa mwingi kuliko popote. Lakini hakuna muuzaji wa gesi atakayemkopesha mtungi mkubwa mtu ambaye kesho anaweza kuwa amesombwa, na yeye mwenyewe hatathubutu kuuacha nje usiku. Bila mahali pa kudumu, mtungi aliogawiwa kwenye hafla unaishia nyumbani au unauzwa.

Jambo hili lina haraka mpya. Februari 2025 biashara ya saa 24 ilizinduliwa rasmi Kariakoo, na taa na kamera zikawekwa mitaani. Duka lililo wazi saa nane usiku lina muuzaji aliye macho, mlinzi, dereva wa mzigo wa Lubumbashi na kuli wanne, nao wote watahitaji kitu cha moto. Mama atakayewapikia atahitaji maji saa hiyo, choo kilichofunguliwa saa hiyo, na usafiri wa kumrudisha Mbagala kabla ya alfajiri na fedha za mauzo kwenye kanga. Soko la usiku litangazwe likiwa na jiko lake kwenye ramani, limechorwa na kuwekewa bomba kabla ya taa ya kwanza kuwashwa katika mtaa unaofuata.